Mstari wa Dada Aika

Mwezi uliopita Jyoti, binti wa Mwalimu Harish, alinipigia simu kuniambia kwamba nyumba yao ya Kariakoo imeuzwa na itavunjwa, na kabla hajakabidhi funguo angependa niende nikachukue vitabu vya marehemu baba yake. Nilimwambia mimi si mtu wa hesabu, ninafundisha Kiswahili, labda awape shule. Akasema shule amezipa vingine. Hivi viko kwenye maboksi mawili ambayo baba yake aliyaandika kwa kalamu nzito, "Ya Aika na mdogo wake", na yeye hana moyo wa kuyapeleka kwingine. Basi Jumamosi nikaenda.

Nilipolifungua boksi la kwanza pale sakafuni, katika chumba kilichokwisha kutolewa samani zote, harufu ilinifikia kabla sijaona kitu: karatasi iliyokunywa unyevu wa miaka, dawa ya nondo, na kwa mbali ule udi wa vijiti uliokuwa ukichomwa kila siku katika nyumba ile. Nikakaa chini. Vilikuwa vitabu vya logi, vya vipeo, vya vitu vinavyokua na vitu vinavyofifia, vyote vya Kiingereza, majalada yake yamezibwa kwa gundi na vipande vya kitambaa. Pembeni mwa kurasa kulikuwa na mwandiko mdogo wa penseli, wa Kiswahili. "Hapa sijaelewa." "Muulize Mwl." Na kwenye ukurasa mmoja, chini ya mchoro wa mstari unaopinda kwenda juu, "Kumbe ni rahisi hivi." Mwandiko wa dada yangu. Nilikuwa sijauona kwa zaidi ya miaka ishirini na tano, na nilikuwa sijui kama bado ningeutambua.

Aika alinizidi miaka tisa. Tulikuwa wawili tu, jambo ambalo watu wa kwetu Marangu walilishangaa kila tulipokwenda Krismasi, na kwa kuwa hapakuwa na mtoto mwingine katikati yetu, alinilea nusu kama mdogo wake na nusu kama mwanawe. Tulipanga vyumba viwili katika nyumba ya uani, Kariakoo, mlango wa pili ukiingia kushoto. Baba alikuwa na banda la spea mtaa wa Gerezani, akirudi mikono yake inanuka grisi hata baada ya sabuni. Mama aliuza madaftari na kalamu kwa jumla, katika kiduka ambacho ukisimama katikati ungeweza kugusa kuta zote mbili. Mimi na Aika hatukuwahi kukosa daftari. Tulikosa mengine, lakini daftari hapana.

Mwalimu Harish aliishi ng'ambo ya barabara, juu ghorofani, juu ya duka la vitambaa lililokuwa la kaka yake. Alikuwa amefundisha hesabu sekondari mpaka akastaafu, na alikuja dukani kwa mama kununua kalamu nyekundu ingawa hakuwa tena na madaftari ya kusahihisha. Siku moja alimkuta Aika ameegemea mizigo ya karatasi anafanya hesabu za kidato cha tano. Akachungulia, akamwambia njia ile ni ndefu, ipo fupi. Aika akamwamkia kwanza, shikamoo Mwalimu, kisha akamwambia njia fupi anaijua, ila anataka kuona kama hii ndefu nayo inafika. Mwalimu akaitikia marahaba, akacheka, akamwambia mama amruhusu binti huyu aje juu kila Jumanne na Alhamisi, hatalipa kitu.

Mama alikubali, kwa sharti kwamba niende naye. Hakuona vizuri binti apande ngazi za watu peke yake. Hivyo ndivyo nilivyohudhuria masomo ya hesabu za juu nikiwa darasa la pili. Nilikaa sakafuni kwenye roshani na bakuli la chevda, ule mchanganyiko wa Kihindi wa dengu na karanga, nililopewa na mke wa Mwalimu, nikichagua karanga kwanza, huku chini yetu wachukuzi wakipiga kelele za kuomba njia na mikokoteni ikikwaruza lami. Wale wawili mezani waliongea polepole. Mara nyingi niliwasikia wakirudia neno "inajizidisha". Nilidhani ni jina la mtu.

Hesabu zile nilizielewa mara moja tu, na ilikuwa kwa sababu ya kunguni. Chumbani kwetu walikuwa wameingia, na mama kila akiwaona aliwaponda kwa ndala akasema ni wachache. Aika akawahesabu. Alihesabu Jumapili moja kwenye ufa wa kitanda, akahesabu Jumapili iliyofuata, akahesabu na ya tatu, akaona kila wiki wanakuwa mara mbili ya waliokuwapo. Akachukua daftari la miraba, akaweka nukta, akaziunganisha. Mstari ulianza umelala kabisa kama mtu aliyesinzia, ukainua kichwa, ukapinda, kisha ukasimama wima ukatoka nje ya karatasi. Akaupeleka kwa baba wakati anakula. Akamwambia kwa heshima kwamba wakiendelea hivi, ikifika Pasaka kunguni wa chumba chetu watakuwa wengi kuliko watu wote wa Kariakoo. Baba alicheka mpaka akaweka kijiko chini. Halafu akautazama tena ule mstari, hakucheka. Jumamosi ile ile vitanda vilitolewa uani, magodoro yakaanikwa juani, na masufuria ya maji ya moto yakamwagwa kwenye kila ufa.

"Ubaya uko hapa," Aika aliniambia, kidole chake kikiwa kwenye sehemu iliyopinda. "Watu wanangoja mpaka hapa ndipo washtuke. Huku mwanzoni unauona umelala tu, unadhani hakuna kitu."

Nililishika hilo kama mtoto anavyoshika jambo. Mstari uliopinda ulikuwa mbaya. Mstari uliopinda ulikuwa kunguni.

Alianza kuchoka akiwa kidato cha sita. Ngazi za Mwalimu Harish zilikuwa kumi na tisa, najua kwa sababu tulikuwa tukizihesabu, na siku moja alisimama kwenye ya kumi na moja akashika ukuta. Nikadhani anafikiri hesabu. Ikaja michubuko mikononi ambayo hakuna aliyempiga, na fizi zilizotoka damu akipiga mswaki. Mama alisema ni kusoma sana. Baba akampeleka hospitali kubwa, wakamchukua damu, wakaambiwa warudi, wakarudi, na tangu siku hiyo wazazi wangu wakaanza kuongea Kichagga tukiwa chumbani. Mimi Kichagga nilikisikia nusunusu. Aika alikisikia chote, na wao walijua hivyo, lakini sijui, labda walishindwa kuyasema yale maneno kwa Kiswahili.

Chembe nyeupe za damu yake zilikuwa zinajizidisha. Hayo niliyajua ukubwani. Wakati ule nilichokijua ni kwamba Aika kila akirudi kliniki alikuwa na kipande cha karatasi chenye namba. Alikuwa amemwomba daktari. Baba alisema daktari alisita, akamuuliza anazitakia nini, na Aika akamjibu kwamba yeye ni mwanafunzi wa hesabu na damu ni yake. Namba zile alizinakili kwenye daftari la miraba ambalo alililaza chini ya mto.

Nililifungua siku moja alipokwenda kuoga. Pale ukurasa wa kwanza niliukuta mstari ninaoujua. Umelala, umeinua kichwa, umeanza kupinda. Aliporudi na ndoo yake nikamuuliza kama kunguni wamerudi.

Aika alicheka, kicheko kikageuka kikohozi, akaketi kitandani akanivuta karibu. Akasema hapana, siyo kunguni, ni vitu vingine vidogo zaidi. Nikamwambia basi tuvimwagie maji ya moto.

"Ndiyo wanachofanya hospitali, Pendo," akasema. "Maji yenyewe ndiyo hayatoshi."

Nilitaka kumwambia uani kuna mapipa mawili yamejaa. Nadhani nilimwambia.

Aliacha kwenda shule. Kwa Mwalimu Harish hakuweza tena kupanda, kwa hiyo Mwalimu akawa anashuka yeye, mzee wa watu, anavuka barabara ameshika kitabu kifuani kama mtu aliyebeba sahani ya chakula, na mama anamtolea kiti. Walisoma kitandani. Hakumfundisha kwa kumhurumia. Akikosea alimwambia umekosea, rudia. Mama alilalamika kidogo kwamba mtoto anachoshwa, lakini Aika siku za Mwalimu alichana nywele.

Kisha Bibi, mama yake mama, akafariki Marangu. Habari zilifika dukani kwa simu ya jirani asubuhi, na mama alifunga duka akarudi nyumbani akaketi ukingoni mwa kitanda cha Aika bila kuvua viatu. Ilibidi aende akazike. Yeye ndiye binti pekee, na wajomba walikuwa wanamngoja. Lakini Aika wiki ile hakuwa akila zaidi ya vijiko vitatu vya uji. Aika akamwambia mama nenda. Mama akasema hawezi. Baba akamwambia atabaki yeye, banda atalifunga. Mama akasema hawezi. Siku nzima ilipita hivyo, na kesho yake asubuhi mama alikuwa bado anaosha vyombo ambavyo vilikwisha kuoshwa.

Siku hiyo Aika aliniita akanipa karatasi iliyokunjwa nipeleke kwa Mwalimu Harish. Nikavuka. Mwalimu aliisoma amesimama mlangoni, akaisoma tena, akaingia ndani akakawia kiasi kwamba nilifikiri amenisahau. Akanipa bahasha. Ndani yake kulikuwa na karatasi mbili za michoro ambazo hazikufanana na zozote zilizokuwa dukani kwa mama, na mimi karatasi za dukani nilizijua zote. Mistari ya chini ilikuwa imeachana vizuri, halafu kadiri ulivyopanda ilisogeleana, ikabanana, ikaachana tena, ikabanana tena.

Aika aliegemea mto akaanza kuhamisha nukta zake. Namba zilikuwa zilezile, nilizisoma kwa sauti mwenyewe kutoka kwenye daftari naye akaziweka. Akanipa nishike rula upande mmoja. Akapiga mstari, nukta zote zikakaa juu yake kama shanga kwenye uzi. Ulikuwa mstari mmoja, mwembamba, unapanda taratibu kutoka kona hii kwenda ile. Hakuna palipopinda.

"Umenyooka," nilisema.

Alinitazama. Akasema ndiyo, umenyooka.

Ule ukurasa wenye mstari uliopinda akauchana, akanipa nikautupe. Karatasi mpya akaibandika mahali pake, akalirudisha daftari chini ya mto, kona yake ikiwa imejitokeza. Mimi nilikwenda moja kwa moja mpaka uani. Mama alikuwa ameinamia beseni. Nilikuwa na habari njema na nilikuwa wa kwanza kuwa nayo, na furaha ile niliyokuwa nayo bado naikumbuka, ndiyo inayonichoma kuliko yote.

"Mama, mstari wa dada umenyooka."

Mama aliinuka. Akafuta mikono kwenye khanga, akaingia ndani, akakaa huko muda mrefu. Kesho yake alfajiri alipanda basi kwenda Moshi.

Siku ya tatu mchana Aika alianza kupumua kama aliyepanda zile ngazi kumi na tisa kwa kukimbia. Baba akatafuta gari kwa rafiki yake wa Gerezani. Wakati wanamwinua aliomba viatu vyake vya kamba, nikapiga magoti nikamvisha. Akasema nimevigeuza, cha kulia nimekivisha kushoto. Nilipotaka kuvivua akasema acha tu. Wakaondoka. Sikumwona tena akiwa hai. Alifariki hospitali asubuhi iliyofuata, baba yuko pembeni yake.

Mama alikuwa njiani anarudi. Hapakuwa na namna ya kumpata ndani ya basi. Alasiri, majirani walikuwa wamekwisha kufunga turubai kuvuka barabara yetu, viti vimepangwa, kina mama wako kwenye mikeka, na mimi nimekaa kwenye ngazi ya mlango kwa sababu ndani palikuwa pamejaa. Nilimwona mama anakuja kwa miguu kutoka upande wa sokoni, begi mkononi, amevaa nguo nyeusi za msiba wa mama yake. Aliliona turubai. Akapunguza mwendo kama mtu mwenye adabu anavyopunguza akipita penye msiba wa wenzake, akainamisha kichwa, akawaambia wale waliokaa viti vya mwisho, "Poleni jamani."

Hakuna aliyemjibu. Mama akapiga hatua nyingine mbili tatu, bado anawaza ni nani katika mtaa. Halafu akamwona baba anatoka mlangoni kwetu, akaniona na mimi pale ngazini, akaliweka begi chini barabarani, polepole, kama ambalo ndani yake mna mayai.

Tulimsafirisha Aika kwenda Marangu. Mama alirudi kwa barabara ileile aliyotoka jana yake, na tulimzika karibu na Bibi, ambaye udongo wake ulikuwa haujakauka.

Sikumwambia mtu yeyote kuhusu mstari. Kwanza kwa sababu sikuelewa. Nilidhani kuna kosa lilitokea, kwamba ulikuwa umenyooka kweli kisha kitu fulani kikaupinda tena wakati sitazami, na niliwahi hata kulitafuta lile daftari nihakikishe, lakini lilikuwa limeondolewa pamoja na godoro.

Nilielewa nikiwa sekondari. Mwalimu wetu wa hesabu alikuwa kijana mchangamfu aliyependa somo lake, na siku ya logi alichora ubaoni picha mbili. Upande mmoja mstari uliopinda, upande wa pili mstari ulionyooka. Akatueleza kwamba logi inakuuliza swali moja tu, kitu kimejizidisha mara ngapi. Kumi ikawa ishirini, ishirini ikawa arobaini, arobaini ikawa themanini, kila mara logi inapanda hatua moja ileile, kwa hiyo ukichora kwenye karatasi ya logi unapata mstari ulionyooka. Akagonga ubao kwa chaki. Akasema msidanganyike, hakuna kilichopungua hapa, ni kilekile kinachokua vilevile, mmebadilisha karatasi tu.

Niliomba ruhusa ya kutoka nje. Sikurudi darasani siku hiyo. Nilitembea na sare yangu mpaka Kariakoo, nikapanda zile ngazi, na Mwalimu Harish aliponiona mlangoni hakuniuliza kilichonileta. Alikuwa amezeeka sana. Akaniketisha roshani, kwenye kiti alichokuwa akikaa Aika.

Nilimuuliza ile karatasi niliyomletea ilikuwa imeandikwa nini. Akaikumbuka neno kwa neno.

"Aliandika hivi. Mwalimu, naomba karatasi mbili za logi. Mama hufungua daftari langu nikilala, na wiki hii ana msiba."

Chini watu walikuwa wanauza na kununua kama siku zote. Mwalimu akasema alijua papo hapo Aika anataka kufanya nini, kwa kuwa yeye ndiye aliyemfundisha. Alisimama ndani mbele ya kabati akiwaza aniambie karatasi zimekwisha. Uongo mdogo tu, na mama yetu asingeondoka.

"Lakini alikuwa mwanafunzi wangu bora kuliko wote," akasema, "na aliomba kitu kimoja."

Nilimwambia ni mimi niliyempelekea mama habari. Mwalimu Harish akanyoosha mkono kunishika bega, akaurudisha. Nadhani alitaka kunifariji akaona hana haki hiyo, maana na yeye alikuwa amebeba lake. Nilipoaga alinipa kitabu kimoja cha vipeo nikakataa. Akasema basi, atanitunzia. Nikaacha hesabu mwaka ule, nikachukua masomo ya lugha, na kila mtu aliyeniuliza sababu nilimwambia kichwa changu hakikuumbwa kwa namba.

Kwa hiyo nimeishi hivyo. Nimeolewa, nina watoto, nimemzika baba. Mama sasa anaishi Ilala, nyumba ndogo yenye uzio wa michongoma, hatua chache kutoka soko. Kila nikimtembelea, kuna dakika moja katika mazungumzo yetu, mara nyingi anapomtaja Aika kwa jambo dogo, alivyokuwa hapendi bamia, ambapo naliona lile beseni na mikono yake inainuka kutoka kwenye maji, na ninabadilisha mazungumzo.

Jumamosi ile nilitoka kwa Jyoti na maboksi mawili kwenye gari nikaenda moja kwa moja Ilala. Sijui kwa nini siku hiyo. Nilimkuta mama barazani anachambua mchicha, nikamwamkia, nikaketi nikaanza kumsaidia, na kabla fungu la kwanza halijaisha nilikuwa nimekwisha kumwambia yote. Mstari uliopinda, bahasha, rula, na kwamba mimi ndiye niliyekuja uani kumwambia umenyooka, nikamfanya aondoke.

Mama hakuacha kuchambua. Alichuma majani ya mche mmoja mpaka ukabaki uti mtupu, akauweka kando.

"Sikumbuki kama ulisema hivyo," akasema.

Nikamkumbusha. Alikuwa uani, ameinama, akafuta mikono kwa khanga akaingia ndani. Akasema huenda. Watoto husema mengi. Hakumbuki.

"Begi nilikuwa nimeshalifunga, Pendo. Tangu jana yake. Lilikuwa chini ya kitanda changu."

Mama aliendelea kwa sauti ileile aliyokuwa akiuzia madaftari, bila kuniangalia. Alisema hakuna aliyemtuma na hakuna aliyemdanganya. Alimwona mtoto wake kila siku, alimwosha kwa mikono yake, alijua uzito wake ulivyokuwa unapungua. Lakini alikuwa amechoka. Alikuwa amechoka kiasi kwamba mjomba alipopiga simu kusema Bibi amefariki, kitu cha kwanza alichowaza, kabla hata ya machozi, ni kwamba ataondoka kwenye chumba kile. Atalala siku mbili tatu mahali ambapo hakuna anayekohoa.

"Nilitaka kwenda kwa mama yangu," akasema. "Hata kama yuko kwenye jeneza. Sijamwambia mtu hilo, wala baba yako."

Nilimuuliza kuhusu daftari. Nikamwambia Aika alijua kwamba huwa analifungua akilala, ndiyo sababu akauchora upya ule mstari, ili mama akiutazama asiogope, aende akamzike Bibi kwa amani. Hapo ndipo mikono yake iliposimama.

"Nilikuwa nalifungua nione mwandiko wake," alisema. "Ile michoro mimi ningeijulia wapi?"

Gari la matangazo lilipita barabara ya nyuma na spika zake, likapotelea mbali. Nilimwona anapanga jambo kichwani mwake, kipande kwa kipande, kama alivyokuwa akipanga bando za daftari kwenye rafu.

"Kwa hiyo alitaka kweli niende."

"Alitaka uende, Mama."

Mama yangu alikuwa hajawahi kulia mbele yangu. Kwenye misiba yote miwili hakulia mbele yangu, na hata baba alipofariki aliingia chumbani akafunga mlango. Sasa machozi yalimtoka akiwa ameketi wima, ungo uko mapajani, na hakuyafuta. Nikaushika mkono wake uliokuwa na rangi ya kijani vidoleni.

Baadaye akaanza kuniuliza. Aliuliza Aika alichora kwa kalamu au kwa penseli. Nikamwambia penseli. Alikuwa amelala au ameketi? Ameegemea mto, nikasema, ule wa maua. Alikuwa amejifunika? Alikuwa amekula kitu mchana ule? Mkono wake ulikuwa unatetemeka? Alisema nini nilipomletea bahasha, alicheka? Yale niliyoyakumbuka nilimjibu, na ambayo sikuyakumbuka nilimwambia sikumbuki, wala hakunilaumu. Nilipomaliza alifuta uso kwa ncha ya khanga, akanisogezea ungo, akataka nianze tena tangu nilipovuka barabara, nisiruke kitu.

Nikaanza tena.